Masharubu ya Yuda

Asubuhi ya Jumatatu ya Juma Kuu, Stanislas aliweka kioo dirishani akanyoa masharubu aliyoyalea miaka thelathini. Yalianguka ndani ya karai kama mende wawili waliochoka. Akapiga magoti palepale, povu likiwa bado shavuni.

"Bwana," akaomba, "nimekuuza miaka thelathini. Mwaka huu nijalie nikukane tu."

Alizaliwa hapa Likasi, katika kambi ya wafanyakazi. Utotoni mwake, kila Jumamosi filamu za Meksiko zilionyeshwa kwenye ukuta mweupe. Wenzake walimpenda shujaa mwenye farasi. Yeye alimpenda jambazi, mtu mnene mwenye masharubu, ambaye alipigwa risasi Jumamosi moja, na Jumamosi iliyofuata akarudi na kofia nyingine, tayari kufa tena bila kinyongo. Stanislas alimwona huyo ndiye mfanyakazi wa kweli.

Kwa hiyo parokia ilipotafuta Yuda wa mchezo wa Mateso, na vijana wote wakatazama viatu vyao, yeye aliinua mkono, akaanza kulea masharubu kama ya yule jambazi. Tangu hapo mji haukumsamehe. Kila Juma Kuu, wauza samaki sokoni humhudumia wa mwisho.

"Weye Yuda, ngoya kwanza," Mama Hortense humwambia, akipanga samaki wake wa ziwa Tshangalele. "Bakristo bapite."

Ulikuwa utani, naye aliucheka. Lakini hata utani, ukikaa mahali pamoja miaka thelathini, huacha sugu. Sasa magoti yalimuuma, huu ulikuwa mwaka wake wa mwisho jukwaani, na hakutaka kuzikwa akiwa Yuda. Padri Jean-Luc akampa nafasi ya Petro. Yuda akawa Firmin, fundi wa kuchomelea vyuma, mwenye haya kama bibi harusi.

Ijumaa Kuu uwanja wa kanisa ulifurika. Karamuni, Yesu aliposema, "Mmoja wenu atanisaliti," mitume wote, kwa mazoea, walimgeukia Stanislas. Watu wakaangua kicheko. Petro akamega mkate, akavumilia.

Bustanini, Firmin alifika mbele ya Yesu akaganda. Askari wakangoja. Yesu akamkonyeza. Wapi! Nyuma ya pazia Padri akanong'ona, "Mubusu! Mubusu!" Agizo lile likapita masikio ya Firmin, likaingia miguuni mwa Stanislas. Kabla hajajijua, Petro alitoka katikati ya mitume, akamsogelea Bwana wake, akambusu shavuni.

Uwanja ukalipuka. Askari, kwa kukosa uhakika, walimkamata Yesu na Firmin pia.

Stanislas alitamani ardhi immeze. Lakini mchezo ulisonga mbele, na pale penye moto kijakazi akamuuliza, "Nawe si ulikuwa pamoja naye?"

"Simjui mtu huyo."

"Ah non!" Mama Hortense alisimama katikati ya watazamaji. "Haumujui? Ulimubusu sasa hivi, shiye bote tuliona!"

Watu wakashika mbavu. Stanislas akamtazama mama yule, akajigusa midomo, kwa maana mama alisema kweli: ndiyo ileile iliyobusu. Mara ya pili "simjui" yake ilitoka imekwaruzika. Mara ya tatu haikutoka; yalitoka machozi. Kitunguu alichokificha ndani ya mkono wa kanzu, cha kumsaidia kulia, kikabaki mahali pake bila kazi. Kicheko kikapungua safu kwa safu, hadi Mama Hortense akaketi taratibu, kiganja mdomoni.

Kesho yake sokoni, Stanislas alijipanga mwenyewe nyuma kabisa.

"Baba Stani!" Hakuwahi kuitwa hivyo pale katika Juma Kuu. "Kuya huku mbele. Bakristo bangoye."

Mama Hortense akamchagulia samaki mnene, akamfunga vizuri, kisha akautazama uso wa Stanislas ulionyolewa.

"Na mwaka kesho, utakuwa nani?"

Stanislas alipitisha kidole juu ya mdomo, mahali pa masharubu. Vinyweleo vilikuwa vimeanza kuchoma.