Barua ya Kumi na Mbili

Mtaa ulimwita Mama Zamu kwa sababu katika miaka yake yote ya kushona hakuwahi kumpitisha mteja mbele ya mwingine. Kila kilichoingia dukani kilibanwa pini na kikaratasi chenye namba, kikaning'inizwa nyuma ya kilichotangulia. Bibi harusi alilia, akasubiri. Jirani aliyechanika suruali makalioni alisubiri vilevile, amejifunga shuka.

Kwa hiyo tarishi wa ofisi ya usajili wa hati alipomletea bahasha, Mama Zamu alitia saini kwenye daftari lake, akaandika tarehe kwa mwandiko safi, kisha akaibana bahasha namba kumi na mbili, nyuma ya sare za shule. Alijua kilichomo: hati ya zawadi ya nyumba anamoishi, imerudi na muhuri. Shangazi yake aliisaini miezi mitatu kabla ya kufariki, baada ya kuuguzwa naye miaka sita. Habari njema ingeweza kukaa; shule zilikuwa karibu kufunguliwa.

Zamu ya namba kumi na mbili ilifika siku ya thelathini na nne.

Usajili umekataliwa, barua ilisema: shahidi wa pili hakusaini ukurasa wa mwisho. Asiyeridhika akate rufaa ndani ya siku thelathini tangu kupokea barua hii. Aliisoma amesimama, akaisoma tena amekaa, mkasi bado uko kidoleni.

Kesho yake alikuwa wa kwanza dirishani ofisini.

"Shahidi yu hai," alimwambia karani. "Nimwite sasa hivi asaini."

"Ungekuja wiki iliyopita, mama, angesaini yakaisha. Muda umepita."

"Basi nianze upya."

"Hati mpya inataka saini ya aliyetoa zawadi. Yuko wapi?"

"Kaburini."

Karani akaweka kalamu chini. "Pole, mama. Basi omba kuongezewa muda, ila utoe sababu. Uliumwa?"

"Hapana."

"Ulisafiri?"

"Nilikuwa dukani nashona."

"Labda barua ilichelewa kukufikia?" Karani alivuta daftari la tarishi, akafunua. Saini ilikuwa pale, imenyooka kama mshono wa kola, na tarehe yake chini.

Chini ya ngazi alikaa mwandishi wa maombi na taipureta yake. Alimsikiliza hadi mwisho bila kumkatiza.

"Tuandike uliumwa mgongo," alinong'ona. "Nani atauchungulia mgongo wako?"

Mama Zamu alikaribia kukubali. "Nakala ya ombi inakwenda kwa nani?"

"Kwa mtoto wa marehemu. Ana haki ya kupinga."

Huyo binamu yake ndiye aliyekuwa namba tisa, suruali mbili za kupunguza kiuno. Alizichukua siku zilezile, akamkuta kwenye cherehani mzima kama kigingi, wakataniana kuhusu kitambi chake kilichopotea.

"Andika kweli," alisema. "Andika nilidhani ni habari njema."

Mwandishi akacheka, akamtazama, akaacha kucheka. Akaanza kupiga chapa.

Ombi lilipokelewa. Lingesikilizwa baada ya miezi minane, na mpaka hapo, karani alieleza kwa upole, vitabuni nyumba ilikuwa bado ya marehemu.

Wiki mbili baadaye binamu alibisha hodi, mkewe nyuma yake na masanduku mawili.

"Shikamoo dada."

"Marahaba."

"Nimesoma nakala. Asante kwa kusema kweli. Wakili wangu alicheka mpaka akapaliwa."

"Umekuja kunitoa?"

"Nikutoe wewe uliyemuuguza mama? Hata! Ila kama nyumba bado ni yake, na mimi ni mwanawe, si nami nina pa kulala?"

Mama Zamu alisimama mlangoni, mkono kwenye fremu. Alitafuta neno la kumzuia, akakuta kila neno linahitaji karatasi, na karatasi iko ofisini kwenye jalada. Akashusha mkono.

Wakaingiza masanduku moja kwa moja chumbani kwa shangazi. Binamu alihangaika na kitasa.

"Dada, huu ufunguo mbona haugeuki?"

"Uinue kidogo, halafu kushoto."

Ukageuka. Akamshukuru, akaingia na mkewe, wakafunga kwa ndani.