Mikono Iliyokuja Kukata Nyama

Alhamisi ile mshonaji alifunga duka mapema, akapitia buchani kuchukua kipande cha sarara kisicho na mafuta. Alipofika nyumbani alikitia kwenye friza kigande kidogo, kwa kuwa nyama iliyolegea haikatiki nyembamba. Akaosha mnanaa na giligilani, akakamua ndimu, akakaanga karanga kavukavu na kuziponda kwa kitako cha kikombe. Mama yake alikuwa anazunguka sebuleni. Anakaa, anainuka, anapangusa meza iliyokwisha kupanguswa, anachungulia dirishani, anakaa tena.

Alikuwa hivyo tangu simu ya kitindamimba wake ilipokatika. Binti huyo, mdogo wake mshonaji, alikuwa ng'ambo, mtumishi wa ndani katika nyumba ya watu wenye nazo. Ujumbe wake wa mwisho wa sauti ulihusu saladi. Alifundishwa na mwenzake wa jikoni, mwanamke wa Kivietinamu, kuchanganya nyama na ndimu, sukari, pilipili, kitunguu saumu na mchuzi wa samaki wa chupa. Alifika mahali pa kusema, "halafu nyama unaikata," ndipo ikasikika sauti ya mtu mwingine, kali, na simu ikazimwa. Haikuwaka tena. Mama alipoteza hamu ya kula. Akabembelezwa mpaka akasema kwamba kama ni lazima ale, atakula hicho anachopika mwanawe huko.

Mshonaji aliitoa nyama kwenye friza, akaanza kuikata kwa kufuata nyuzi zake, kama anavyofuata nyuzi za kitambaa. Jua lilikuwa linazama. Mikono miwili ikaingia kwa dirisha la juu ya sinki, ikatua kwenye ubao wa kukatia. Ilikuwa mikono tu, iliyoishia kwenye viwiko. Mshonaji aliitambua kuwa ya mdogo wake kwa kovu la kukatwa na kopo la maziwa kwenye kidole cha shahada. Mkono wa kulia ukamnyang'anya kisu, wa kushoto ukaigeuza nyama upande, na kisu kikaanza kukata kwa kukatiza nyuzi, vipande vyembamba hata mwanga ukapita.

"Mama," akaita. "Njoo, mtoto amekuja."

"Amekuja mzima?"

"Mikono."

Mama akaja, akasimama mlangoni, akaitazama. "Haya, karibu mwanangu," akasema. "Mbona umekuwa mkavu hivyo?"

Mikono ilipitisha nyama kwenye kikaango cha moto mkali, ikaitoa ingali nyekundu kwa ndani. Ilipofungua chupa ya mchuzi wa samaki, mama aliziba pua.

"Hiki kitu kimeoza!"

Mkono mmoja ukampigapiga begani, kwamba atulie, huku mwingine unamimina. Tango likakatwa, vitunguu vikakatwa, mnanaa ukachanwa kwa vidole, karanga zikanyunyizwa juu. Mama alionja, akavuta bakuli karibu. Alikula mpaka akapangusa mchuzi kwa kipande cha mkate. Mikono ikaosha vyombo, ikatoka kwa njia ile ile.

Kesho yake ikarudi, na kesho kutwa. Mama akawa anaisubiri na kichupa cha mafuta ya kujipaka, maana ngozi ilikuwa imepasuka kwa dawa ya madoa. Alikuwa anaisugua ndipo mshonaji akaona, nyuma ya mkono wa kushoto, alama mbichi yenye umbo la ncha ya pasi. Yeye pasi anaishika kutwa. Mtu akijiunguza mwenyewe huunguzwa na ukingo, akaruka. Hii ilikuwa ncha nzima, tambarare, iliyokandamizwa ikaachwa.

Hakumwambia mama. Mama naye alikuwa ameshaona, hakumwambia yeye.

"Mwanangu," mama akauambia mkono, "kama unataka kurudi nyumbani, nibane."

Mkono ukambana. Ulimbana mpaka pete ikamwingia kwenye nyama ya kidole, na mshonaji akalazimika kuwaachanisha.

Ndipo wakamwita wakala. Ni jirani, mtu wa suti na maneno laini, aliyewapeleka mabinti wengi ng'ambo, na pasi ya kusafiria ya kitindamimba ilipitia mkononi mwake. Alifika magharibi, akaikuta mikono inakamua ndimu. Akaupa mkono wa kulia salamu, akakaa.

"Mama yangu, mtoto ni mchapakazi," akasema. "Ona mwenyewe."

"Anaunguzwa," mama akasema. "Mrudishe."

Wakala akaushika ule mkono wa kushoto, akaugeuza kwenye taa, akaurudisha mezani taratibu. "Jikoni kuna ajali nyingi. Mimi nitafuatilia. Ila mkataba haujaisha, na kule yeye ndiye anayetegemewa."

"Huyu anayetegemewa si mtu?" mshonaji akauliza.

"Dada, usinipandishie sauti. Nimesema nitafuatilia."

Alikula sahani mbili, akasifia pilipili. Kisha akapiga simu pale pale, akaongea kwa lugha ya watu wa kule, akicheka katikati. Alipokata, uso wake ulikuwa umeingiwa na uzito wa kazi.

"Sasa nimeelewa. Bosi analalamika kwamba kila siku saa za jioni binti anakaa chini kama gogo, vyombo vinajaa. Walidhani ni uvivu, wakawa wanamtia adabu kidogo. Nimewaeleza kwamba mikono huwa iko huku."

"Umewaeleza?" mshonaji akasema.

"Ningewadanganya? Wamesema msiiite tena. Ni kwa faida yake."

Mshonaji aliacha kununua mnanaa. Alipika maharage, akafunga dirisha la jikoni, akaweka komeo. Mikono ilikuja hata hivyo, ikagonga kioo kwa kucha, polepole kwanza, halafu kwa fujo. Mama alizunguka meza akiwa ameziba masikio. Mshonaji alishona pindo la gauni la mtu, akalifumua, akalishona tena. Siku ya tatu mama alikwenda kufungua dirisha mwenyewe.

"Kupigwa atapigwa," akasema, "akija na asipokuja. Kanunue nyama."

Nyama ikanunuliwa. Jioni kidirisha kikawa wazi, ubao umeoshwa, kisu kimenolewa. Ukaja mkono mmoja, wa kulia. Mama akachungulia nje, akangoja, akachungulia tena. Wa kushoto, ule wenye alama, ulikuwa umebakizwa kwenye vyombo vya bosi.

Wakala alipita kuulizia kama kimebaki chochote, akaeleza kwamba hayo ni makubaliano mazuri, nusu kwa nusu, na kwamba bado anafuatilia. Wakamfungia chake kwenye kontena dogo la plastiki.

Tangu hapo imekuwa hivyo kila magharibi. Mkono mmoja hauwezi kushika nyama na kisu kwa wakati mmoja, kwa hiyo mama huvuta kigoda karibu na ubao, akaibana nyama kwa vidole vyake vya kizee, na kisu kinapita hapo karibu, kwa uangalifu, bila kumgusa.