Kadi Elfu Nne za Neno Moja

Baba yangu alimaliza miaka ishirini na sita akihangaika na kitenzi kimoja cha Kiingereza: can. Wenzake kwenye ofisi ya kamusi walimtania, "Mzee, bado tu hujaweza?" Mama hakutania. Yeye alisema ameletewa mke mwenza wa herufi tatu.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi: akikuta sentensi yenye neno hilo katika kitabu cha zamani, aliinakili kwenye kadi, akaitia kwenye mojawapo ya masanduku yake ya mbao pale nyumbani. Zilifika kadi elfu nne. Alitaka kuonyesha jinsi neno lililoanza na maana ya kujua lilivyosogea polepole, karne kwa karne, mpaka likawa la kuweza, kisha la kuomba ruhusa. "Hata sisi husema fulani anajua kuogelea," aliniambia mezani, macho yakimng'aa. "Lakini Waingereza walihama pale, mwanangu, na mimi nitaonyesha walihama lini."

Mwezi wa pili kiharusi kikampiga. Mkono wa kulia ukapooza, na ulimi nao. Mhariri mkuu, tuliyemwita Bwana Nukta kwa jinsi anavyokatiza watu, akapiga simu: masanduku yawe tayari Ijumaa, la sivyo kamusi itachapishwa na maelezo ya mtu mwingine, mistari mitatu basi.

Mimi ni karani wa masjala ya hospitali. Faili zikivurugika, ninaitwa mimi. Nilipofungua masanduku ya Baba nikakuta kadi zimekaa shaghalabaghala, hazina hata namba, nikasema maskini, mzee wa watu alichoka. Nikachukua likizo ya siku tatu. Nikazipanga zote kwa alfabeti, kwa neno la kwanza la kila sentensi, nikaweka na vitenganishi vya rangi. Sijawahi kufanya kazi safi vile maishani mwangu.

Alhamisi nikamsogeza mezani na kiti chake cha magurudumu. Akachomoa kadi ya kwanza kwa mkono wa kushoto. Akachomoa ya pili. Akalitazama sanduku, akanitazama mimi, kisha akatoa sauti ambayo sitaki kuisikia tena.

Bwana Nukta alipokuja kuchukua masanduku, alipekua kadi chache tu akasimama.

"Umezipanga wewe?"

"Ndiyo. Zilikuwa zimechanganyika."

"Hazikuwa zimechanganyika, binti. Baba yako hakuwa akiandika mwaka wala jina la kitabu. Ya kale nyuma, ya karibuni mbele. Mahali kadi ilipokaa ndio mwaka wake. Mengine yote anayo kichwani."

"Na vitabu vyenyewe?"

"Alivisoma kwenye maktaba za watu, miaka yote hiyo. Nani atavitafuta?"

Akaondoka mikono mitupu.

Kamusi ilitoka na mistari mitatu. Mimi bado sijakubali. Kila nikitoka kazini namwekea Baba kadi mbili mezani, namuuliza, "Ipi ya zamani, Baba?" Juzi alisukuma moja nyuma bila kusita. Nikamwita Mama kwa kelele kutoka jikoni, tukakumbatiana tukilia kwa furaha. Jana nikampa zilezile mbili. Akazitazama sana, kisha akasukuma ile nyingine.