Njiwa wa Amiri Musayyab

Mumewe alipozikwa, watu wa ngome ya Rosha walidhani Bibi Ermesenda atafunga masanduku arudi Antiokia kwa ndugu zake. Wapi! Alichukua funguo, akajifunga upanga wa marehemu juu ya gauni la msiba, akateremka mpaka mto Asi kuonana na adui. Adui mwenyewe alikuwa Amiri Musayyab wa Tel Zaraa, mzee wa ndevu nyeupe, naye mgane. Wakala yamini pale kivukoni, huyu kwa Msalaba, yule kwa Msahafu, kwamba hakuna atakayevuka na silaha. Kisha Amiri akampa tundu lenye njiwa dume wa kijivu.

"Huyu kazaliwa juu ya paa langu. Ukisikia Wafaranji wenzako wananijia, mwachie tu. Chungu hakitachemka kabla hajafika."

"Na Waislamu wenzako wakinijia mimi? Nikupe wa kwangu?"

"Wa kwenu wanajua njia ya sufuria tu, bibi. Wewe nitakuja kukuambia mwenyewe." Akainua kidole. "Ila usimwoze mke. Njiwa kapera hurudi kwao. Akishaoa, kwao ni pale alipo mkewe."

"Basi ana adabu kushinda wanaume wengi ninaowajua."

Mzee akacheka mpaka farasi wake akashtuka. Ermesenda naye akacheka, mara ya kwanza tangu mazishi.

Baada ya hapo walikutana kila kiangazi, mavuno yakishaingia ghalani. Amiri alileta matikiti, yeye alileta asali, wakataniana juu ya farasi zao, jua likipinda wakaachana. Siku hiyo moja Ermesenda alisema mpaka sauti ikamkauka. Siku nyingine zote alikuwa bibi wa ngome. Askari walimwinamia na kupita. Mjakazi wake Tekla, mwanamke wa Shamu asiyependa maneno, alichana nywele zake kimya kimya. Usiseme mkubwa hana upweke; mkubwa ndiye hana hata wa kumlalamikia. Ermesenda alimlalamikia njiwa. Alimweka dirishani mwa chumba chake, akamweleza habari za paa linalovuja, za marehemu, za magoti yanayouma.

Ikaja masika moja, mvua haikatiki. Njiwa akaanza kuvimbisha shingo na kuuinamia ukuta, akiita. Hakuna aliyemwitikia. Akaita hivyo kutwa, kesho yake tena, na kila alipoita Ermesenda aliacha alichokuwa akifanya, akamsogelea. Mwishowe akashuka jikoni, akamnyang'anya mpishi njiwa jike mweupe aliyekuwa anangoja kisu.

"Bibi, Amiri si alikataza?" Tekla akauliza.

"Alikataza yeye anayeishi kwake, kazungukwa na watu wake. Huyu humsikii anavyolia?"

"Namsikia. Nakusikia na wewe."

Ermesenda akafungua tundu. Akamtia jike tunduni, akakaa kitandani kuwatazama, na usiku ule alilala vizuri. Moyoni alijiambia kwamba kiangazi kikifika atamwambia Amiri ukweli, atachekwa, atapewa njiwa mwingine. Basi.

Kiangazi hakikumngoja. Ngano ilikuwa bado uwanjani alipofika mpwa wake Gerin, mtoto wa kaka yake, na mashujaa wa kutoka Antiokia wenye njaa ya ngawira. Kabla hata ya kunawa mikono aliamuru lango lifungwe, asitoke mtu.

"Shangazi, yule mzee wako leo anapura ngano kule ng'ambo na watu wake, hata kisu hawana. Mchana tunavuka."

"Nimekula yamini, Gerin."

"Umekula wewe. Mimi sikuwepo."

"Utaniaibisha mbele ya watu."

"Watu gani?" Gerin akamtazama, na kwa kweli hakuwa anafanya kejeli. "Una nani huku wewe, Shangazi?" Akanyoosha mkono, akamfungua funguo kiunoni.

Ermesenda akapanda ngazi akihema. Njiwa dume alikuwa ameatamia mayai, zamu yake ya mchana. Akamtoa, akambusu kichwani, akamrusha dirishani.

"Nenda, baba. Nenda kwenu."

Njiwa akapaa, akauzunguka mnara, akaelekea mtoni. Ermesenda alishika ukingo wa dirisha kwa mikono miwili. Juu ya miti ya kando ya mto njiwa akapinda, akarudi, akatua, akaingia kiotani. Akamrusha tena, akarudi tena. Tekla akamfunika jike kwa shuka, akamtoa nje ya chumba. Dume akarudi vilevile, akawa anatembea kiotani huku na huku akimtafuta. Hapo Ermesenda akaona farasi wa Gerin wanaingia majini. Akapiga kelele, akaita jina la Amiri mpaka koo likamwuma. Lakini magurudumu ya kuvuta maji yalikuwa yanaguna mtoni kama kawaida yao, na bonde ni pana.

Jua lilikuwa halijazama walipomleta Amiri uani, mikono imefungwa, makapi ya ngano yamejaa ndevuni. Nyuma yake hakuletwa mtu mwingine; hakuna aliyesalia. Ermesenda akashuka mbio. Mzee hakumtazama yeye, alitazama dirisha la juu, walipokuwa wamekaa wawili, wa kijivu na mweupe, ambaye Tekla alishamrudisha.

"Ulimwoza mke," akasema.

"Nilimwoza. Lakini leo nilimwachia, Amiri, Mungu ni shahidi wangu. Alirudi."

"Naamini. Ndivyo walivyo."

"Alikuwa peke yake. Sikuweza kuvumilia kilio chake."

Amiri akageuka, akamtazama sasa. "Na mimi nilikuwa na nani, bibi? Na wewe? Sisi tulivumilia."

Wakamsukuma juu ya nyumbu, wakaondoka naye kwenda Antiokia. Gerin alirudisha funguo juu ya meza, kwa adabu zote.

Majuto ni mjukuu, na Ermesenda hakuwa hata na mwana. Kiangazi kilichofuata alichukua chupa ya asali, akateremka kivukoni, akakaa juu ya farasi akitazama ng'ambo, kwenye uwanja ulioota magugu. Jua lilipopinda akarudi. Alipofungua mlango wa chumba chake, njiwa walikuwa wanalisha makinda. Hawakugeuza hata kichwa.