Maji ya Wafalme

Jumamosi, tarehe nne Julai, ndiyo siku mfalme Guy wa Yerusalemu alipopigwa na Sultani Salahuddin kwenye vilima viitwavyo Pembe za Hattin. Jumamosi, tarehe nne Julai, ndiyo siku Bernadetha alipokufa ughaibuni, kitongoji cha Hopkins, ghorofa ya tatu, kwenye kiti cha plastiki kando ya kitanda cha Profesa, mgonjwa aliyekuwa akimtunza nyumbani kwake. Ya kwanza imepita miaka zaidi ya mia nane. Ya pili haijafika hata mwaka, na wakubwa walishataka isahaulike kama ya kwanza.

Sasa aliyekalia kiti hicho ni Lukas, mumewe. Bosi Maurice, mwenye ajensi ya wahudumu wa wagonjwa, alimpa shifti ya marehemu akidhani anamfadhili. Lukas aliipokea kwa sababu moja tu: Profesa alisikia.

Siku ile kiyoyozi kilikuwa kibovu na jiji lote lilikuwa kwenye fataki na nyama choma za sikukuu ya uhuru. Aliyetakiwa kumpokea Bernadetha asubuhi hakutokea. Na sheria ya kazi hii mhudumu huijua hata kabla hajafundishwa kumgeuza mgonjwa: huondoki mpaka anayekupokea avuke mlango. Ukiondoka umemtelekeza mtu. Cheti kinakwenda, na wewe pengine unalala ndani.

Kifua kilipombana alimpigia Maurice, simu kaiweka spika, maana mikono yote miwili ilikuwa imemshika mzee. Kisha akampigia mumewe.

"Baba Enock, sijisikii vizuri. Nimemwambia bosi. Profesa mwenyewe amesikia."

"Piga ambulensi, Mama Enock!"

"Wakinibeba nani abaki na mzee? Bosi anasema nivumilie, mtu yuko njiani."

Hakukuwa na mtu njiani. Lukas alikuwa Plymouth, kitongoji kingine, kwenye shifti kwa mgonjwa wake, naye hana wa kumpokea. Akakaa. Hilo ndilo lililokuwa likimla: alikaa.

Leo Maurice anasema, "Mimi nilimwambia aende hospitali. Ni yeye alikataa." Mkaguzi wa serikali aliuliza kama yupo aliyesikia. Lukas akamtaja Profesa. Mkaguzi akaahidi kuja Alhamisi.

Shida ilikuwa kichwa cha mzee. Alifundisha vita vya msalaba maisha yake yote, na sasa amebaki humo.

"Profesa, Bernadetha alisema nini kwenye simu?"

"Walikuwa chemchemini, Lukas. Maji tele. Mfalme akasema twendeni. Jua, nyasi zinaungua, ziwa wanaliona kule chini, na katikati jeshi la Salahuddin."

"Bernadetha, Profesa."

Mzee alikitazama kiti. "Alisema, bosi, siwezi. Bosi akasema, huendi popote." Kisha akarudi vitani. "Mfalme akasema twendeni."

Kiingereza cha Profesa, Lukas alikishika nusu. Darasa la nne halimfikishi mtu mbali. Lakini vita vile alivijua. Bernadetha alikuwa akirudi navyo nyumbani kama wengine wanavyorudi na umbea. Eti vita vilipokwisha, Sultani alimkaribisha mfalme hemani akampa maji ya barafu. Akamwambia asiogope, wafalme hawauani. Askari wa miguu walifungwa kamba wakapelekwa sokoni, na mmoja wao bei yake ikawa viatu.

"Viatu gani?" Lukas alimuuliza mkewe siku moja.

"Wewe ungeuzwa kwa buti. Mimi, labda kandambili." Bernadetha akacheka mpaka ugali ukapoa.

Maurice, mzee wa kanisa, alikuwa na adui mmoja: Athman, Mswahili wa Mombasa mwenye ajensi kama yake kule Oakdale. Waliibiana wagonjwa, wakaibiana wafanyakazi. Maurice alisema waziwazi kwamba Waislamu wanataka kumfilisi. Athman naye hakutamka jina la Maurice bila kutema mate. Basi Lukas akajiambia, adui wa bosi wangu ni rafiki yangu. Akaenda Oakdale, akamweleza Athman yote.

Athman alimmiminia chai ya tangawizi. "Pole sana, ndugu yangu. Maurice tumemvumilia mno. Na huyo mkaguzi yuaja lini?"

"Alhamisi."

"Inshallah kheri."

Lukas alitoka pale mwepesi kama mtu aliyetua mzigo.

Jumatano walikuja wote wawili. Mlango mmoja, kicheko kimoja.

"Profesa anahamia kwa Athman," Maurice alisema. "Familia imekubali. Gari iko chini."

"Leo? Na mkaguzi wa kesho?"

"Daktari amemwona mzee hafai kuhojiwa," Athman alijibu. "Akili imechoka. Si vyema kumsumbua."

"Lakini mimi nilikuja kwako, Bwana Athman. Nikanywa chai yako."

"Ulikuja, yakhe, na Mungu akulipe. Usingekuja, mimi na mwenzangu tungegombana mpaka kiama. Nimempelekea habari yako, tumepatana, sasa yamekwisha. Hatuchukuliani tena wafanyakazi."

"Maana yake ukitoka kwangu, Baba Enock, kwake huingii," Maurice alisema, akijipangusa jasho. Kiyoyozi kilikuwa bado kibovu. "Si umesikia? Haya. Hebu tupatie maji baridi."

Lukas aliutazama mlango. Alikuwa kwenye shifti, na aliyekuja kumpokea mgonjwa ndiye huyu Athman, anayengoja maji kwanza. Akaenda jikoni. Barafu zilimshika vidole, akazigongagonga ndani ya glasi mbili.

Athman alipokea glasi ya kwanza, akampa Maurice. "Karibu, mwenzangu."

Walikunywa. Kitandani Profesa alikuwa macho. Aliwatazama wale wawili, mmoja baada ya mwingine, kwa utulivu ambao Lukas hakuwa ameuona siku nyingi.

"Wafalme hawauani," alisema.

"Anaota," Maurice alisema, akacheka.

"Nilikuwepo," Profesa akasema. Sasa alikuwa anakitazama kiti cha plastiki. "Lukas, waambie hao wafalme wanijibu. Na wale wa miguu, nani aliwapa maji?"