Mshikio wa Pili

Kila siku nawaambia watu: ngozi si sufuria, msiipake mafuta ya kupikia! Yanachacha, yananuka, halafu mnaniletea mimi fundi niitengeneze. Angalau wifi yangu, mke wa kaka, anajua. Aliniletea ule mkoba wao wa ngozi, wa kwendea sokoni, ukiwa mkavu tu.

"Upake vizuri, wifi. Kesho nautoa kwa watu. Nimechoka kungoja."

Sikumlaumu, ingawa roho iliniuma. Kaka alitoka asubuhi moja, miaka mitatu iliyopita, hakurudi. Mkoba huo walikuwa wakiubeba wawili, kila mmoja na mshikio wake, nami nikiwacheka mpaka basi.

"Mkoba ulikuwa wapi muda wote huu?" nilimuuliza.

"Sandukuni. Sijaugusa tangu aondoke."

Nilijaribu kwanza chini ya kitako, pasipoonekana: mafuta ya mnyonyo na nta kidogo. Rangi haikuharibika, nikaendelea kwa kitambaa, kidogo kidogo. Mshikio wa wifi ulikuwa mkavu kama ganda, ukanywa mara tatu. Wa kaka haukunywa hata tone. Ulikuwa laini, umekolea. Ngozi hailainiki hivyo sandukuni, jamani. Inalainishwa na jasho la mkono, kila siku.

Nikauweka mkoba dirishani, nikaenda kunywa chai. Niliporudi, kwenye mafuta ya mshikio wa kaka palikuwa na alama: kidole gumba na vidole vitatu. Kidole cha mwisho hakipo. Kaka alikipoteza hapahapa, kwa kisu changu, siku aliyonisaidia kukata mikanda.

Nikafuta. Alama ikarudi huku naitazama.

"Mwache mkeo apumzike!" nilifoka, peke yangu, kama mwehu.

Mchana wifi alikuja kuuchukua. Nilitaka kumwambia, badala yake nikamsogezea mkoba.

"Wa kwako umelainika sasa," ndilo nililoweza kusema.

Akaushika mshikio wake, huo mmoja tu kwa mazoea, akainua. Nikangoja mkoba uinamie upande wa pili. Haukuinama. Ulipanda sawasawa, na mshikio wa kaka ulisimama wima, umekaza.

Wifi aliutazama, machozi yakamtoka. Kisha akasogea kidogo mlangoni, kama anayempisha mtu.

"Basi hatuutoi," alisema. "Twende nyumbani."

Hakuwa anasema na mimi. Nilishindwa kuvumilia, nikaita, "Kaka!"

Aliyegeuka ni wifi peke yake.