Daftari la Wasumbufu

Machogu, mwenyekiti wa kituo cha kununulia majani chai pale Nyaramba, alikuwa na daftari la wasumbufu. Mkulima akithubutu kuuliza habari za mizani, jina lake linaingia humo, na mkutanoni hapewi tena nafasi ya kusema. Wa kwanza alikuwa Kwamboka.

Jioni moja binti wa Machogu, Mokeira, alimsomea baba yake kazi ya shule. Zamani Mfaransa mmoja aliwinda nyota zenye mikia. Kila doa la ukungu angani lililomdanganya kuwa ni mojawapo aliliandika kwenye orodha, asipoteze muda nalo tena. Baadaye darubini kubwa zilionyesha kwamba madoa yale ni vishada vya nyota, mawingu ya gesi, hata galaksi nzima.

"Na zile zenye mikia?"

"Nani anazikumbuka, baba? Orodha ndiyo iliyompa jina."

Machogu alicheka hadi akapaliwa na chai. Mtu mzima, na akili zake, anaona galaksi nzima anaiandika takataka!

Jumanne wakulima walichagua mwenyekiti kwa mlolongo, kila mmoja akisimama nyuma ya mgombea wake. Nyuma ya Machogu alisimama shemeji yake, peke yake. Mlolongo wa Kwamboka ulipinda hadi barabarani. Msimamizi alipoanza kuhesabu, Machogu hakuhitaji kusubiri. Hao wote alikuwa nao kwenye daftari, kwa mwandiko wake mwenyewe.